Chupa Iliyotoka Karakanani

Kila akitoka skuli, Amne alipita kwanza karakanani kwa shangazi yake, mtaani Malindi, kabla ya kwenda nyumbani. Karakana ilikuwa chini ya nyumba kongwe, nyuma ya duka la nyavu, na mgeni hakuhitaji kuuliza ilipo. Harufu ya viazi vya kukaanga ilimpokea kichochoroni na kumfikisha mlangoni.

Shangazi Shadya alisomea kemia. Alifundisha sekondari kwa muda, kisha akaanza kazi ya kukusanya mafuta ya kupikia yaliyokwishatumika kwenye mikahawa ya Mji Mkongwe na hoteli za Kendwa. Zamani mafuta hayo yalimwagwa mitaroni yakaishia baharini. Sasa Ubwa, dereva wa karakana, aliyaleta kwa madumu kwenye gari dogo la mizigo.

Amne alipenda kuangalia. Mafuta yalichujwa makombo ya samaki na viazi, yakapashwa moto mpaka maji yaliyojificha ndani yakaisha, kisha yakachanganywa na dawa na kukorogwa. Yalipoachwa yatulie yaligawika yenyewe. Juu ilielea dizeli yenye rangi ya dhahabu, na chini ilikaa gliserini, nzito na nyeusi kama asali ya nyuki wadogo. Dizeli iliendesha gari la Ubwa na jenereta za wateja. Gliserini ilisafishwa ikatiwa kwenye sabuni za karafuu ambazo watalii walizinunua na kuzinusa njia nzima.

Dawa iliyofanya kazi yote hiyo iliitwa methanoli. Ilikaa chumba cha ndani, na Shangazi hakuigusa bila glavu na miwani.

"Ukiiona hii utadhani maji," alimwambia Amne siku ya kwanza. "Haina rangi, na harufu yake ni ndogo, kama spiriti. Lakini funda moja linaweza kumpofua mtu, na akizidisha anakufa. Ubaya wake haiumi papo hapo. Mtu anakunywa, anajiona mzima, anakwenda kulala, kumbe inamla ndani kwa ndani. Kwa hiyo haitoki chumba hiki. Umenifahamu?"

"Nimefahamu, Shangazi."

Ramadhani ilipoingia, mwalimu wa sayansi alitangaza kwamba baada ya Sikukuu kutakuwa na maonesho ya wanafunzi. Amne alisimama mbele ya darasa akasema yeye atageuza mafuta ya kupikia kuwa dizeli mbele ya macho ya watu. Wenzake wakamshangilia. Jioni ile alipomwomba Shangazi methanoli kidogo, Shangazi alitikisa kichwa.

"Utachukua mafuta machafu kwenye gilasi moja na dizeli iliyo tayari kwenye gilasi nyengine. Wazazi wataona tofauti na wewe utaeleza. Methanoli haiendi skuli."

Amne aliitikia, lakini moyo haukukubali. Aliona aibu tayari inamngoja. Siku chache baadaye Shangazi alitoka kuzungumza na mteja, na mlango wa chumba cha ndani ukabaki wazi. Mezani palikuwa na mkebe wa methanoli iliyopimwa kwa kazi ya siku hiyo. Amne aliokota chupa tupu ya maji ya dukani, ambayo karatasi yake ilikuwa bado mpya, akamimina methanoli ndani yake mpaka karibu ya shingo, akafunga kizibo na kuitia mkobani chini ya madaftari. Alijiambia kwamba atafanya jaribio dogo nyumbani, mara moja tu, na hakuna atakayejua.

Nyumbani kwao kulikuwa Michenzani, ghorofa ya juu. Aliisukuma chupa ile chini ya kitanda chake, karibu na ukuta.

Siku iliyofuata alirudi kutoka chuoni, alikosoma Kurani, baada ya sala ya alasiri. Akainama kuangalia chini ya kitanda. Sakafu ilikuwa imefagiwa ikang'ara, na chupa haikuwapo.

Alikwenda jikoni. Mama yake, Bi Mwanakheri, alikuwa anakaanga kaimati kwa ajili ya futari.

"Mama, kulikuwa na chupa chini ya kitanda changu."

"Nimeikuta wakati nafagia. Nikaona maji mazima unayaacha yapate joto. Nimeyatia kwenye friji."

Amne alifungua friji. Chupa zilikuwa zimepangwa mlangoni, zote za aina moja. Alizifungua moja baada ya nyengine akazinusa. Zote zilikuwa maji.

"Mama, kuna iliyotolewa humu?"

"Ya baba yako. Leo ana wageni wa jioni, atafuturu huko huko Jozani. Nimemtilia na tende. Mbona unauliza uliza?"

"Nimeuliza tu."

Alitoka akasimama ukumbini. Baba yake, Abdulla, alikuwa akiwatembeza wageni katika msitu wa Jozani, na siku nzima alikuwa hajatia hata tone la maji kinywani. Adhana ya magharibi ikilia atakula tende, atafungua chupa, atakunywa kwa pupa kama anywavyo kila siku, kichwa kimeinuliwa na macho yamefumbwa. Hatanusa kitu.

Amne alichukua simu ya mama yake akapiga. Simu ya baba haikupatikana. Msituni mtandao ulikuwa unakuja na kuondoka. Akapiga tena, na tena.

Alijipa moyo. Labda Baba ataisikia harufu. Labda Mama alichukua chupa nyengine, na ile yake imedondoka mahali. Lakini alikuwa amezinusa zote. Kisha akafikiria atakavyosema, na ulimi ukawa mzito. Shangazi atajua kuwa yeye ni mwizi. Watu watasema karakana ile ni hatari, na itafungwa kwa ajili yake. Alikaa juu ya mkeka, simu mkononi, na kivuli cha jengo la pili kikazidi kupanda ukutani. Kila alipokitazama kilikuwa kimesogea. Alitamani jua lisimame.

Mama yake alimkuta pale. "Amne, una homa? Mbona unatokwa na jasho hivyo?"

Amne alifungua mdomo na maneno yakatoka yote kwa pamoja, bila mpangilio. "Si maji, Mama. Chupa ya Baba si maji. Ni dawa ya karakanani. Nimeiiba mimi. Ni sumu."

Bi Mwanakheri hakupiga kelele. Alizima jiko, akachukua simu, akampigia wifi yake. Amne alisikia sauti ya Shangazi ikiuliza upande wa pili, taratibu, swali moja baada ya jengine. Chupa ya namna gani? Ilijaa kiasi gani? Abdulla ametoka saa ngapi? Hakuuliza kwa nini.

Muda si mrefu gari la mizigo lilisimama chini ya jengo. Bi Mwanakheri alibaki nyumbani akipiga simu, mara ya mumewe, mara ya ofisi ya hifadhi, ambayo iliita bila kupokelewa. "Panda," Shangazi alimwambia Amne. "Wewe ndiye unayeijua chupa."

Saa ile mji mzima ulikuwa unakimbilia nyumbani kufuturu. Mwanakwerekwe magari yalibanana, watu wakavuka barabara na mikate na madafu mikononi. Ubwa alipiga honi, akapenya, akasimama tena. Redioni msomaji alikuwa anasoma Kurani kungojea adhana, na Amne alijua kuwa sauti ile ikinyamaza wakati utakuwa umefika. Alitaka kuomba redio izimwe lakini hakuthubutu. Shangazi alitazama mbele tu.

Walipopita Tunguu barabara ilifunguka. Ubwa akaongeza mwendo, na jua likawa limeshazama nyuma ya minazi. Walikuwa bado hawajafika msituni sauti ya msomaji iliponyamaza. Adhana ikalia redioni, kisha ikaitikiwa na msikiti wa kijiji walichokuwa wakikipita. Vijana waliosimama kando ya njia waliwanyooshea tende wasafiri. Ubwa hakupunguza mwendo. Amne aliuma kitambaa cha mtandio wake ili asilie kwa sauti.

Langoni Jozani wanaume walikuwa wamekaa juu ya jamvi kandokando ya sinia. Amne alimwona baba yake. Alikuwa na bakuli la uji mkononi, na alicheka na mtu.

"Kaka, umekunywa maji ya nyumbani?" Shangazi aliuliza kabla ya salamu.

"Sijayagusa. Nimeanza na uji." Abdulla alishangaa kuwaona. "Kuna nini? Mama yake Amne mzima?"

"Chupa iko wapi?"

"Nimempa Mzee Simai. Yake ilimwagika njiani."

Mzee Simai, aliyetembeza wageni pale miaka mingi, alikuwa mwisho wa jamvi. Chupa ilikuwa wima mbele ya goti lake, na imepungua. "Maji haya yana harufu," alisema. "Nimepiga funda moja kubwa, la pili nikaliacha. Nilitaka kukuuliza, Abdulla, mmeyatoa wapi."

Shangazi aliitwaa chupa, akainusa, akaifunga. "Shikamoo, Mzee Simai. Tafadhali inuka, twende hospitali."

"Marahaba. Hospitali kufanya nini? Mimi mzima, sina hata maumivu ya kichwa."

"Hatari yake ndiyo hiyo. Hii ni sumu, na kwa sasa huwezi kuisikia."

"Nani aliyetia sumu katika chupa yangu?" Abdulla aliuliza polepole.

Shangazi alimgeukia Amne. Amne alielewa kwamba jibu lile lilikuwa lake. "Ni mimi, Baba," alisema, na sauti yake ikasikika ndogo mno chini ya miti ile mirefu. "Niliichukua kwa Shangazi bila ruhusa. Mama alidhani ni maji."

Baba yake alimtazama kama hamjui. Kisha akamshika Mzee Simai mkono, wakampakia mbele kwa Ubwa na Shangazi. Amne na baba yake walipanda nyuma, katikati ya madumu matupu.

Hospitali, Shangazi alimkabidhi daktari chupa na kumtajia jina la dawa, kiasi kilichopungua na wakati ilipopita adhana. Daktari alisikiliza, kisha akaagiza kwa haraka dawa ya kuizuia sumu isigeuke kitu kibaya zaidi mwilini. "Wengi huletwa wakiwa wameshaanza kuona ukungu," alisema, "na hakuna anayejua walichokunywa. Tunapapasa tu. Huyu tumewahi, lakini siwezi kuahidi kitu sasa. Tutamtazama."

Wakakaa kwenye benchi. Mwanamke mmoja akaja mbio, buibui limemwendea upande, akakaa karibu na Amne. Alikuwa Ummkulthum, binti yake Mzee Simai.

"Niombee baba yangu, mwanangu," alimwambia. "Kazi yake yeye ni macho. Wewe unaona majani matupu, yeye ameshamwona kima punju na mtoto wake juu. Akipofuka atafanya nini?"

Amne alitamani ardhi immeze. "Mimi ndiye niliyesababisha," Amne alisema, akamweleza kila kitu.

Ummkulthum aligeuza uso. Akainuka, akaenda kusimama mlangoni mwa chumba alicholazwa baba yake, na hilo lilimwuma Amne kuliko kofi.

Siku zilizofuata Amne aliamka na swali moja: Mzee Simai anaona? Kila baba yake aliporudi kutoka hospitali, aliutazama uso wake kabla hajavua viatu. Usiku alifumba macho akajaribu kutembea chumbani akipapasa kuta, akaona ugumu wake, akafumbua haraka. Mwishowe Baba alirudi akakaa juu ya mkeka. "Daktari ameridhika. Macho salama, figo salama. Mzee anakutaka wewe uende."

Walikwenda na Shangazi. Mzee Simai alikuwa ameketi kitandani karibu na dirisha. Amne alimsalimia akainama.

"Marahaba. Njoo hapa," alisema mzee. "Yule bwana anayekaa chini ya ukuta kule nje, anachonga kijiti. Si Ubwa?"

Amne aliogopa kutazama. Alipotazama, akaona mtu mbali sana, mdogo kama kidole, na kisu mkononi. Alikuwa Ubwa. Machozi yakamtoka.

"Nisamehe, babu."

"Nimekusamehe. Lakini nina neno." Mzee alimpisha akae. "Baba yako ameniambia ulijua tangu alasiri, ukakaa na simu mkononi mpaka kivuli kikapanda. Ulikuwa unaogopa nini?"

"Shangazi. Na watu."

"Umeona sasa? Uliwaogopa waliokuwa watakugombeza, ukamsahau aliyekuwa atakunywa. Sote tunaogopa, hakuna ubaya. Ila khofu ikikushika, jiulize nani ataumia ukinyamaza. Ukishamjua, sema, hata kama sauti inatetemeka. Ungekaa kimya mpaka usiku, mimi ningelala nikijiona mzima, na asubuhi nisiione."

Shangazi aliyekuwa amesimama mlangoni akasogea. "Na mimi nina langu," alisema. "Niliacha mkebe mezani na mlango wazi, tena karibu ya mtoto. Sasa pana kufuli, na ufunguo nnakaa nao mwenyewe. Kazi yetu inasafisha bahari na kuendesha magari, lakini haina maana ikiwa inampofua jirani. Katazo nililokupa lilikuwa kwa ajili ya macho ya mtu, Amne, hata kama humjui mtu huyo."

Siku ya maonesho Amne alisimama nyuma ya meza yenye gilasi mbili, moja ya mafuta machafu na nyengine ya dizeli. Mtoto mmoja aliuliza kwa nini haonyeshi jinsi ya kuyageuza mafuta hayo. Wenzake walikuwa wanasikiliza, na mwalimu pia. Amne alihisi ulimi unaanza kuwa mzito, akavuta pumzi.

"Kwa sababu inatumika sumu," alisema, "na mimi niliwahi kuiiba. Sogeeni niwaeleze ilivyokuwa."