Notisi ya Siku Tatu

Udongo ule haukuwa na haki ya kuwa pale. Sakafu ya Wanzala ilikuwa simiti, aliimwaga mwenyewe, haina ufa hata wa kupitisha sindano. Sasa kichuguu cha udongo mweusi mbichi kilitoka wapi chini ya kitanda cha mtoto?

"Umeingia na gumbuti tena," mkewe Sella alimlaumu, akakifagia.

Wanzala aliokota donge lililobaki, akalinusa. Harufu ya udongo ule aliijua, maana juzi alikuwa shimoni nao.

Kazi yake ilikuwa kuchimba vyoo, na nusu ya mtaa wao wa Mashimoni, Kibera, ilijisaidia kwa jasho lake bila hata kumwambia asante. Juzi alikuwa akichimba kwa Mama Bakhita, mwenye ploti, Mnubi ambaye babu zake waliikuta Kibera ikiwa msitu. Kabla jembe halijagusa ardhi, mama huyo alitoka na tasbihi mkononi.

"Wanzala, ukipata nyoka usimpige. Mwambie ahame, umpe siku tatu. Wengine hawa si nyoka, ni wenyewe wa hapa."

"Mama, kwetu Busia nyoka hapewi notisi!" Wanzala alicheka mpaka akashika kiuno. Ah, mdomo wa mtu!

Futi ya nne, jembe lilifunua kitundu chenye mayai matano meupe, na nyoka mweusi mwembamba amejizungusha juu yake, macho madogo mno, kichwa na mkia havitofautiani. Ni wale wanaoishi chini ya ardhi, hutoka mvua ikinyesha tu. Wanzala alimkamata nyuma ya kichwa, jinsi wanaume wanavyokamata nyoka wote. Kumbe huyu hashikiki hivyo! Hakufungua mdomo, aligeuza kichwa kidogo tu, jino likachomoza kando ya mdomo uliofungwa, likatoboa glavu na kukosa ngozi kwa unywele. Wanzala alimtupa. Kisha kwa hasira akayachukua yale mayai na kuyaponda kiganjani, moja baada ya jingine, huku mama yao akizama udongoni anamtazama.

Siku ya pili tangu udongo uonekane, kichuguu kilikuwa juu ya kitanda, karibu na mto. Na Lavender, binti yao wa miaka sita, mtoto ambaye kwa kuongea angeshinda redio, alikuwa hafungui mdomo. Uji hakunywa. Sella alipomgusa shavu aliruka nyuma, maana mtoto alikuwa baridi kama tope.

"Lavender, mummy, sema hata neno moja," alinong'ona.

Midomo haikusogea, ila sauti ilitoka. "Imebaki siku moja."

Wanzala alimbeba mtoto, wakakimbilia Kawangware kwa dada yake Filister, anayeishi ghorofa ya tatu, kwani nyoka wa ardhini atapandaje ngazi? Alijipa moyo hivyo usiku kucha. Lakini mchana wa siku ya tatu mvua ilianza, na harufu ya shimo ikaingia ndani, na mbele ya macho yao vigae vya sakafu vikatoa udongo, ukainuka polepole bila kigae hata kimoja kupasuka, ukakielekea kiti alichokalia Lavender, naye akaushushia miguu yake midogo kana kwamba anaitwa nyumbani.

Wanzala alimpigia simu Mama Bakhita.

"Mama, nimekosa. Niliyaponda mayai yake."

"Ulimpa siku tatu?"

"Sikumpa."

"Yeye amekupa. Anakushinda adabu." Mama alishusha pumzi. "Mwombe, Wanzala. Mwambie achukue kilichomkosea."

Wanzala alipiga magoti. Aliogopa, tusimsingizie ushujaa, aliogopa mpaka akajikojolea. Lakini mtoto ni mtoto. Alitumbukiza mkono wa kulia ndani ya udongo.

"Huu ndio uliokosa. Niachie binti yangu."

Kitu baridi kilipita kati ya vidole vyake, kikatulia kwenye kidole gumba. Alipiga yowe lililosikika mpaka steji ya matatu.

"Baba," Lavender alisema, mdomo wazi, machozi yakimtoka, "naskia njaa."

Kidole kilikuwa cheusi kufikia jioni, na hospitalini wakakikata. Wanzala hakulalamika. Alirudi Mashimoni, akamwona binti yake anakula chapati ya pili, akasema kidole gumba ni bei nafuu.

Mama Bakhita alikuja kumpa pole. Aliutazama mkono uliofungwa bendeji.

"Mayai yalikuwa mangapi?"

"Matano, mama."

Mama alisogeza punje tano za tasbihi, moja moja. Vidole vinne vilikuwa vimetokeza kwenye bendeji, na Wanzala alipoviangalia, aliona udongo mweusi mbichi chini ya kucha ya kidole cha shahada.