Fundi wa Spika Katika Chumba cha Kujaribia Nguo

Mchana ule jengo la vifaa vya umeme lilikuwa limefurika watu. Kila kibanda kilipiga muziki wake, na wauzaji walikuwa wakiwavuta wateja mikono kama wanagombania ndugu. Katikati ya purukushani hiyo alipita mwanamke mrefu aliyevaa gauni la kijani lililomkaa sawasawa kiunoni, amekumbatia mzigo uliofungwa shuka. Alikuwa fundi cherehani, na wateja wake walimwita Pindo, kwa sababu hakuna aliyewahi kuona pindo la nguo yake limefumuka.

Mtu mwenye haraka akampiga kikumbo. Mzigo ukamponyoka, lakini kabla haujafika sakafuni mikono miwili ikaudaka.

"Dada, umebeba mtoto au jiwe?"

"Nimebeba gramafoni ya marehemu baba. Hebu iachie taratibu."

"Niiachie vipi na wewe umenishika mkono?"

Pindo akauachia upesi, uso ukamwaka moto. Mwanamume aliyesimama mbele yake alivaa shati jeupe, mikono imekunjwa mpaka kwenye viwiko, bisibisi mfukoni. Kifungo kimoja cha shati kilikuwa kimekatika, na mahali pake pamefungwa kwa kipande cha waya. Ndiyo maana wenzake wa pale jengoni walimwita Waya.

"Kwa hiyo wewe ni fundi," Pindo akasema akikitazama kile kifungo.

"Fundi wa spika. Wa vifungo bado."

Akamkaribisha kibandani kwake, akamvutia kiti, na Pindo akaeleza shida yake. Mama yake alikuwa amevunjika nyonga, amelala ghorofani, juu ya duka la Pindo la ushonaji, hawezi kushuka ngazi. Kaka aliyeko ng'ambo alikuwa ametuma spika tatu zisizotumia waya, za kuweka kila chumba. Lakini mama hakutaka nyimbo za kwenye simu. Alitaka santuri za mumewe, hasa moja ambayo marehemu mwenyewe aliimba na kwaya yake. Hiyo haikupatikana popote ila pale nyumbani.

"Hizo spika zinaelewana na simu tu," Waya alisema. "Gramafoni yako haijui habari hizo. Halafu sauti inayotoka kwenye sindano ni ndogo, kama mtu ananong'ona. Lazima ipite kwanza kwenye kikuza sauti, kijisanduku kidogo hivi. Kikuza sauti kinaingia kwa waya kwenye spika moja yenye tundu, na hiyo ndiyo itawarushia wenzake sauti hewani, mpaka kitandani kwa mama."

"Kwa hiyo inawezekana?"

"Inawezekana. Ila itabidi nije nyumbani."

"Njoo," Pindo akasema, kisha akaona amejibu haraka mno. "Yaani, kwa kazi."

"Kwani mimi nimesema kwa nini?"

Akaja. Mara ya kwanza akagundua mkanda wa mpira unaozungusha sahani umelegea. Mara ya pili akauleta mkanda, akakuta tundu la waya halilingani. Pindo alianza kushuku kwamba fundi huyu anazigawa safari zake makusudi, lakini hakulalamika. Simu nazo hazikukatika.

"Haloo, fundi."

"Haloo, fundi mwenzangu. Umeamkaje?"

"Salama. Umepiga kuniuliza nimeamkaje?"

"Hapana, nauliza gramafoni imeamkaje."

"Gramafoni haijambo, inakusalimia."

"Na mwenye gramafoni?"

"Mwenye gramafoni ana magauni ya watu mezani, mpenzi, mwache afanye kazi."

Upande wa pili bisibisi ikaanguka.

"Umeniitaje?"

Pindo akakata simu, akacheka peke yake mpaka cherehani ikapinda mshono.

Siku sauti ilipounganishwa, Waya alishusha sindano juu ya santuri kwa vidole viwili, taratibu. Ikakwaruza kidogo, kisha kwaya ikapanda. Ikasikika dukani mbele, ikasikika kwenye chumba cha kujaribia nguo, ikasikika juu. Wote wawili wakakimbia ngazi. Walimkuta mama ameegemea mto, macho ameyafumba.

"Huyo ndiye," mama alisema. "Anaanza kabla ya wenzake. Mwalimu wa kwaya alimkataza mpaka akachoka."

Pindo akageuka dirishani asionekane akilia. Waya akajifanya anakagua waya, na chumbani mle hamkuwa na waya.

Kilichobaki, Waya alisema, ni kusawazisha sauti, maana kila chumba kina tabia yake, na chenye vioo vingi hukoroma. Akaahidi kurudi. Siku aliyorudi, Pindo alikuwa dukani mbele akimpima bibi harusi mmoja, na shangazi wa yule binti amekaa kwenye kochi akikosoa kila mshono. Pindo alikuwa na pini mdomoni. Waya alipomwonyesha kwa kidole kwamba anaingia ndani, akaitikia kwa kichwa tu bila kutazama anakoonyesha.

Punde zikasikika kelele za ajabu kutoka chumba cha kujaribia nguo, milio mifupi mifupi kama ndege wa bati. Shangazi akainuka, akafungua pazia, akapiga yowe.

Waya alikuwa katikati ya chumba, simu mkononi, anaipandisha na kuishusha mbele ya vioo, kutoka miguuni hadi juu ya kichwa, huku akizunguka. Ukutani nguo za ndani za bibi harusi zilikuwa zimetundikwa.

"Anapiga picha!" shangazi akasema. "Jamani, huyu anarekodi chumba wanachovulia wasichana!"

Pindo akatema pini.

"Waya, unafanya nini humu?"

"Napima sauti. Ngoja nikueleze..."

"Unapimaje sauti kwa kunyanyua simu? Nipe hiyo simu!"

Akampa bila ubishi. Pindo akapekua picha, akapekua video, hakukuta kitu. Wanawake wawili walikuwa wanamtazama. Duka lake lote lilisimama juu ya chumba kile kimoja. Mwanamke akishaogopa kuvua nguo kwako, hakuletei kitambaa tena.

"Umeshafuta," akasema.

Waya akaichukua simu yake, akachukua bisibisi yake, akapita kati ya wale wanawake bila kumgusa hata mmoja, akatoka.

Shangazi wa bibi harusi hakuwa mtu wa kukaa na neno. Habari ikatembea, na kila ilipofika iliongezwa chumvi. Kazi ya Waya ilikuwa kuingia vyumbani mwa watu, na sasa watu wakaanza kusema spika zao hazina haraka. Pindo alisikia hayo kwa wateja, akainamisha kichwa kwenye cherehani. Moyoni alijiambia amelinda heshima ya wasichana. Lakini kila alipoomba dua kabla ya kulala, alifika kwenye jina la yule mtu asijue amwombee nini.

Mama ndiye aliyeanza.

"Hii spika yangu ina matatizo. Baba yako anaimba kama yuko ndani ya pipa. Mwite fundi."

"Fundi haji, Mama."

"Basi wewe una mikono. Mimi nimevunjika nyonga, sikuvunjika masikio."

Pindo akafungua programu ya zile spika kwenye simu yake, akabonyeza mahali palipoandikwa kusawazisha chumba. Ikamwambia watu wanyamaze. Kisha ikamwagiza: tembea polepole chumbani, pandisha na ushushe simu, kutoka miguuni hadi juu ya kichwa, ili kipaza sauti chake kipime namna sauti inavyogonga kuta.

Akaanza kutembea. Spika ikatoa milio mifupi mifupi, kama ndege wa bati.

Pindo akasimama, mkono juu.

"Mbona umeganda kama umeona nyoka?" mama akauliza.

"Mama, nimemdhulumu mtu."

Akampigia, simu ikaita mpaka ikakatika. Akapiga tena, ikawa vilevile. Kesho yake akavaa gauni la kawaida, akaenda mpaka kwenye lile jengo. Waya alikuwa amekaa mbele ya kibanda chake akifuta vumbi kwenye spika ambayo haikuwa na vumbi.

"Nimejua," Pindo akasema. "Nimefanya mwenyewe, kwa mkono wangu. Nisamehe."

"Simu nilikupa. Ukatafuta, hukukuta kitu, bado ukanihukumu."

"Ni kweli."

"Na mimi nina kosa langu. Ningekueleza kabla ya kuingia chumba kama kile. Hilo nakubali. Lakini ulinivunjia heshima mbele za watu, Pindo, halafu umekuja kuniomba radhi hapa pembeni tukiwa wawili."

Pindo akaaga, akaondoka. Aliyosema Waya yalikuwa ya haki.

Njiani kurudi aliyapima mambo yote. Akinyamaza, duka litaendelea. Akisema, ataonekana anamtetea mwanamume wake, na hofu iliyokuwa imeanza kupoa itaamshwa upya. Alipofika nyumbani alipanda juu, akakaa pembeni ya kitanda cha mama, akasali. Kisha akampigia Waya, na safari hii akapokea.

"Kesho wale wanawake wanakuja kuchukua gauni. Njoo tafadhali. Si kwa ajili yangu. Mama anakuulizia."

Akaja, akasimama mlangoni, hakukaa. Shangazi alipomwona akavuta mkoba wake kifuani.

"Na huyu tena?"

"Mimi ndiye niliyemwita, Shangazi," Pindo akasema. "Siku ile nilimsingizia. Alikuwa anapima sauti ya chumba, na kipimo chake ndicho hiki." Akawasha spika, akaingia chumbani, pazia wazi, akaipandisha na kuishusha simu mbele ya vioo mbele ya macho yao, na ile milio ikalia. "Haipigi picha. Inasikiliza tu. Mmemsema mjini kwa sababu yangu. Nawaomba mkaseme na hili pia."

Bibi harusi akasogea, akaitazama simu, akaitikia kwa kichwa kwamba ameelewa. Shangazi hakusogea.

"Mapenzi yamekupofusha, binti. Lete gauni. Na yale ya wasimamizi tutawapa watu wengine."

Wakaondoka. Gauni la bibi harusi likaenda nao, na vitambaa vya wasimamizi vikatolewa rafuni kimoja kimoja. Pindo akavifungasha mwenyewe, kwa adabu, akawasindikiza hadi barabarani. Aliporudi, Waya alikuwa bado amesimama palepale.

"Umepoteza kazi," akasema.

"Nimepoteza."

"Ulijua utapoteza?"

"Nilijua."

Waya akavua viatu, akaingia. Akakaa kwenye kochi alilokuwa amekaa shangazi, akashika kichwa.

"Mimi bado nina hasira, Pindo. Sitakudanganya."

"Kaa nayo. Ni haki yako."

"Nitakaa nayo. Ila nataka nikae nayo hapa."

"Hapa wapi?"

"Kwako. Kihalali. Nije na wazazi wangu, tuonane na mama, watu wajue. Nikinuna, ninune ndani ya nyumba yangu."

Pindo akaokota pini sakafuni, akaichomeka kwenye mto wa pini, akaichomoa tena.

Sauti ya mama ikashuka ngazi, kavu na wazi.

"Fundi! Huku juu nakusikia vizuri sana. Ila huyo binti yangu simsikii kabisa. Hebu mwambie aongeze sauti."

"Ndiyo!" Pindo akapiga kelele, mpaka wapita njia wakageuka. "Nimesema ndiyo, Mama!"