Yai la Len Sproxton

Yai la kwanza lilitoka na nywele.

Enid Brocklesby alilipasua asubuhi kweupe, jikoni kwake Lincolnshire, Uingereza, na ute ukateleza kikaangoni pamoja na kishungi chekundu kilichoungua ncha. Akalimwaga. La pili lilinuka petroli. La tatu lilikuwa na jino, limekaa katikati ya kiini kama limeota humo. Enid akatapika kwenye sinki.

"Mungu wangu, nimekosa nini?" akanong'ona. Lakini alijua.

Alikuwa akijitolea kurekodi wazee waliorusha ndege za mabomu wakati wa Vita Vikuu vya Pili, kabla hawajaisha wote. Kanuni ilikuwa moja tu: neno la mzee halikatwi. Wiki iliyopita Mzee Wilf Tasker alimsimulia habari za Len Sproxton, mpiga bunduki wa mkiani kwenye ndege yao, kijana mwekundu wa nywele, aliyelelewa na watawa, hana baba wala mama. Mayai yalikuwa adimu siku zile, ila waliorudi salama walikaangiwa. Kwa hiyo kabla ya kuruka walitaniana: "Usiporudi, yai lako langu!" Len alirudi vipande vipande; wakamtoa kwenye kibanda chake cha vioo mkiani kwa mpira wa maji. Wilf, damu ingali viatuni, akaingia bwaloni, akala yai lake na la Len, akaifuta sahani kwa mkate.

Enid aliona kinyaa. Akakifuta kipande hicho chote cha rekodi, kisiwepo tena popote. Jina la Len lilibaki kwenye jiwe la kumbukumbu tu. Len mwenyewe alikuwa kwenye kipande kile.

Sasa ile harufu ya mafuta ya kukaangia na nywele mbichi zinazoungua ilitoka jikoni ikaingia sebuleni, ikalala kwenye mapazia, ikapanda ulimini mwake hata chai ikawa na ladha ya nyama, na kila alipomeza mate alihisi kitu laini kikiteremka kooni ambacho hakukitia mdomoni. Akabeba kinasa sauti akakimbilia kwa Wilf.

"Mzee, nisamehe. Ile habari ya yai niliifuta."

"Kwa nini?"

"Ilinichefua."

"Wewe uliyeisikia tu!" Wilf akacheka, fizi tupu. "Na mimi niliyelila yai je, binti?" Kisha akashusha sauti. "Funga mlango. Amekuja nawe. Namsikia ananusa."

"Simulia tena, mzee. Tafadhali. Usiache kitu."

Wilf akasimulia yote: mpira wa maji, viatu, mkate. Alipotaja jina la Len machozi yalimtoka, na harufu ikapungua, ikakatika.

Nyumbani Enid alipasua yai. Safi. Akamshukuru Mungu, akaketi kusikiliza rekodi. Wilf alipofika pale pa utani, sauti nyingine ikamdakia, changa, mdomo umejaa:

"Na lako, Wilf? Lako nani atakula?"

Kisha kutafuna, polepole, kwa majimaji, na mkate ukisugua sahani.

Kidole cha Enid kilikuwa tayari juu ya kitufe cha kufuta. Akakiondoa, akaziba mdomo kwa kiganja, akasikiliza mpaka tonge la mwisho.

Hakukata kitu.