Picha Iliyokunywa Rangi za Kipepeo

Sogeeni, ndugu zangu, kisa hiki ni cha nyumba iliyojaa vicheko.

Asubuhi moja cherehani ya Mshonaji ilikuwa ikicharaza dirishani, na bintiye, aliyeitwa Kipepeo kwa sababu hakujua kutulia, alikuwa akijivisha vipande vya vitambaa vilivyoanguka sakafuni. Baba yake, mchoraji wa mabango ya maduka, alinawa mikono, akamshika kidevu, akamwambia kama watu wa mji ule walivyoambiana kila kulipokucha:

"Nimekuona, na weusi wa macho yako."

"Nimekuona, baba, na bluu iliyo puani kwako!"

Msidhani ni salamu tu. Katika mji ule rangi zilikuwa na uhai. Ziliishi palipotazamwa kwa upendo, pasipotazamwa zilihama. Ndiyo maana kila mchoraji, akimaliza kazi ya siku, aliifunika picha yake kwa shuka ili macho yake yarudi kwa watu.

Siku hiyo Mchoraji alianza picha ya Kipepeo, kubwa kama mlango. Jioni alipotaka kuifunika, picha ikacheka! Naam, ikacheka na kumpungia mkono. Shuka ikamponyoka.

"Mke wangu, njoo uone! Inanichekea!"

"Inacheka vizuri, baba Kipepeo. Sasa ifunike, chakula kinapoa."

"Nakuja. Kidogo tu."

Hiyo "kidogo tu" ndiyo iliyotaka kuibomoa nyumba. Kesho yake picha ilicheza. Kesho kutwa iliimba. Haikukohoa, haikuuliza maswali, haikumwaga uji kwenye brashi. Mchoraji akahamishia kiti mbele yake, akala hapo, akasinzia hapo. Mabango ya watu yakalala. Kipepeo alipomletea chai, aliipokea bila kugeuza shingo.

"Baba, leo hujaniona."

"Nimekuona, mwanangu," akajibu, macho yakiwa kwenye picha.

Mshonaji ndiye aliyegundua. Akimjaribisha mtoto gauni, aliona midomo yake imepauka kama kitambaa kilichosahauliwa juani. Akawa anamtazama na kumwambia "nimekuona" asubuhi, mchana na jioni. Rangi ikirudi kidogo, ilichomoka tena, kwa maana macho ya mama yalivuta huku, na ya baba yakavuta kule kutwa nzima. Hata siku moja, mtoto aliponyoosha mkono juu ya meza, Mshonaji akaviona vifungo na uzi kupitia kiganja chake!

Alinyakua mkasi, akairukia picha.

"Usithubutu!" mumewe akafoka.

Mkono ulisita, lakini si kwa kumwogopa. Rangi za mwanawe zilikuwa humo. Akiichana picha, atakuwa amemchana nani?

Akautupa mkasi, akafungua dirisha kwa kishindo. "Majirani! Mwenye macho na aje! Mwanangu anaisha!"

Lo! Laiti mngewaona walivyomiminika! Mwokaji mikate alikuja na unga hadi kwenye nyusi. Kinyozi alimwacha mteja na kichwa nusu, na mteja naye akaja hivyo hivyo. Wakamzunguka mtoto.

"Nimekuona, na hudhurungi ya mashavu yako!" akasema Mwokaji.

"Nimekuona, na wekundu wa ulimi unaonitolea kila nikipita!" akasema Kinyozi.

Kipepeo akakitazama kile kichwa nusu, akashindwa kujizuia, akakitolea ulimi. Ulikuwa mwekundu! Watu wakapiga kelele za furaha. Na kule kwenye picha, mahali pa ulimi pakabaki turubai tupu.

"Mnaniulia picha yangu!" Mchoraji akalia.

"Shemeji, mtoto ni huyu hapa!" Mwokaji akamkaripia. "Hicho ni kitambaa!"

Rangi zikarudi moja moja, lakini baba alizidi kuikazia macho picha, na weusi wa macho ya mtoto ukachomoka wote. Macho ya Kipepeo yakawa meupe kama maji.

"Mama, sioni."

Majirani wote waliutaja weusi ule, mama akautaja akilia, wala haukurudi. Ulizoea sauti moja tu. Kipepeo akapapasa, akifuata harufu ya rangi, mpaka magoti yakagonga kiti. Akamshika baba yake kidevu.

"Baba, mimi sikuoni. Wewe unaniona?"

Mkono ule ulikuwa wa baridi. Picha haikuwahi kumgusa kwa mkono, wa baridi wala wa moto. Nyuma ya mtoto picha ikaimba kwa nguvu zake zote kumwita, lakini yeye akashusha macho, akamtazama mwanawe.

"Nimekuona," akasema. "Nimekuona, mwanangu, na weusi wa macho yako."

Wimbo ukakatika katikati ya neno. Weusi ukaingia machoni mwa Kipepeo kama tone la wino kwenye maji. Akapepesa, akakodoa.

"Baba! Una ndevu!"

"Anayefuata kunyolewa ni wewe!" Kinyozi akadakia, chumba kizima kikalipuka kwa vicheko, na Mshonaji akakaa sakafuni kando ya mwanawe.

Mchoraji aliiokota shuka, akalifunika turubai jeupe, ingawa hapakuwa tena na cha kufunika. Ukucha wa kidole kidogo cha Kipepeo haujarudiwa na rangi mpaka leo. Kila asubuhi baba yake huanza kwa kuutazama huo.

FUNZO

Ndugu zangu, tusipende sura ya watu wetu kuliko watu wenyewe. Mtoto anaweza kushiba, akavaa, na bado akafifia kwa kukosa macho ya mzazi. Ukiitwa na jirani, nenda, hata kama kichwa ni nusu. Na sasa kisa kimekwisha: kifunike kilicho mbele yako, mgeukie aliye karibu nawe, umwambie umemwona. Lakini kwanza mwone kweli.