Aikoni ya Ndege wa Kijani

Saa nane mchana, siku ya Jumatatu, aikoni ya ndege wa kijani ilionekana kwenye kompyuta zote sita za shule. Mwanzoni mwa muhula ilikuwa kwenye moja tu.

Mwalimu wa kompyuta alipita nyuma ya viti kama kawaida yake, mikono ameifunga mgongoni, akikagua skrini moja baada ya nyingine. Michezo ilikuwa marufuku katika chumba kile. Lakini kila macho yake yalipotua kwa yule ndege, yalisonga mbele. Ndege alikuwa alama ya kazi ya Twiga, na Twiga hakuwa mtoto wa kuchungwa. Mwalimu alidhani amesambaza nakala za kazi yake kwenye mashine zote ili isije ikapotea. Alifurahi kimoyomoyo kwamba angalau mwanafunzi mmoja alikuwa amelisikia somo la kuhifadhi kazi.

Twiga alikuwa msichana wa darasa la saba, mrefu kuliko baadhi ya walimu, ndiyo maana wenzake walimpa jina hilo. Tangu muhula uanze alikuwa akitengeneza mchezo wa kompyuta kwa ajili ya mashindano ya shule za msingi, na huo ndio mchezo pekee ulioruhusiwa. Katika mchezo huo, mtoto mwenye fulana nyekundu anataka kuvuka barabara. Akikimbilia barabarani bila kutazama pande zote mbili, honi inalia na anarudishwa alikotoka. Mtoto huyo anachechemea kidogo. Mdogo wake Twiga alichechemea vivyo hivyo tangu alipogongwa na pikipiki mbele ya lango la shule, na yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kuujaribu mchezo kila ulipoongezwa kitu. Washindi wangepelekwa kwenye kambi ya likizo kujifunza kompyuta na mafundi wakubwa. Mwisho wa kupokea kazi ulikuwa Ijumaa hiyo, saa sita mchana. Twiga alikuwa anamaliza shule ya msingi mwaka huo, kwa hiyo nafasi nyingine haikuwepo.

Aliyemchora ndege alikuwa rafiki yake, aliyekaa naye dawati moja tangu darasa la kwanza. Wenzao walimwita Kinyonga, kwa sababu kitu kikipita mikononi mwake hakibaki na sura yake. Ujuzi huo aliupata kwenye kibanda cha mjomba wake, fundi wa simu na kompyuta, alikokwenda kila alasiri kufagia na kupanga chaja. Hapo alijifunza kwamba aikoni, yaani kile kijipicha unachokigusa ili programu ifunguke, inaweza kubadilishwa. Ndani hakibadiliki kitu. Inabadilika sura ya mlangoni tu.

Watoto wa mtaa walimletea simu za wazazi wao. Mmoja alitaka mchezo wake wa magari uvae sura ya kikokotoo, ili mama akimkuta ameinamia simu aseme mwanangu anapenda hesabu.

“Na mama akikwambia umjumlishie vitu vya sokoni?” Kinyonga alimuuliza.

“Nitamwambia kikokotoo kimechoka.”

Walicheka. Mjomba, aliyekuwa akichomelea waya, alicheka pia, kwa kuwa alisikia utani na hakuona kazi yenyewe.

Ndege wa kijani alianza kwa nia njema. Twiga alilalamika kwamba folda yake inapotea katikati ya folda nyingine zinazofanana kama mapacha, na Kinyonga akamchorea alama ambayo hakuna mwingine aliyekuwa nayo. Wiki chache baadaye alitambua kwamba mwalimu akimwona ndege hafungui. Akaanza kuleta michezo ya kompyuta aliyoipakua kwa simu ya mjomba, akaiweka kwenye folda, na kila folda akaivika ndege. Darasa zima lilijua. Aliyetaka kucheza alimwuliza mwenzake kama ndege ameamka, na jibu likiwa ndiyo, wote wawili walisogeza viti. Twiga naye aliwaona ndege hao. Alimwomba Kinyonga awaondoe. Kinyonga alisema atawaondoa kesho, kisha akasema tena kesho.

Jumatano mwalimu wa kompyuta alikuwa kwenye mafunzo nje ya shule, na Twiga alikuwa amempeleka mdogo wake kliniki kuangaliwa mguu. Mwalimu wa zamu, mama mkali aliyefundisha hesabu, aliingia chumba cha kompyuta bila kubisha hodi na kumkuta mvulana akipiga risasi za kijani na zambarau kwenye skrini. Aliamuru mchezo ufungwe mbele yake. Aliona ndege. Alifungua ndege wa mashine ya pili na ya tatu, na kote alikuta michezo. Akauliza ndege huyu ni wa nani.

Hakuna aliyemsingizia Twiga. Walijibu kile kile kilichojulikana shule nzima: ndege ni wa Twiga. Kinyonga alikuwa amekaa mstari wa mbele. Aliinamia kibodi yake.

Mwalimu wa zamu hakutaka maelezo zaidi. Alimpigia simu fundi anayezihudumia mashine za shule, ambaye ndiye yule mjomba wa Kinyonga, akamwagiza afute kila folda yenye ndege na kuweka mfumo upya kwenye kompyuta zote, maana michezo ya kuokota huja na virusi. Kisha akamtaka Kinyonga abaki amsaidie mjomba wake kushika nyaya.

Mjomba alikuwa mtu wa kufuata utaratibu. Kabla ya kufuta alifungua. Mashine ya kwanza ilikuwa na mchezo wa risasi, ya pili wa magari, ya tatu wa kuangusha matofali. Kwenye ya nne ikatokea barabara, na pembeni yake mtoto mwenye fulana nyekundu amesimama akisubiri. Mjomba aliondoa mkono kwenye kipanya.

“Na hiki, mpwa wangu? Hiki nacho ni mchezo?”

Kinyonga alielewa swali, na alielewa pia maswali ambayo yangefuata. Akisema ni kazi ya Twiga, mjomba angemwuliza amejuaje. Baada ya hapo angemwuliza hizo nyingine ni za nani, nani aliyezivika ndege, na zilitoka kwenye simu gani.

“Ndiyo, mjomba,” alisema. “Ni mchezo.”

Mjomba akafuta. Kufikia saa kumi jioni kompyuta zote sita zilikuwa tupu na safi, kama zilivyotoka kiwandani.

Alhamisi asubuhi Twiga aliitwa mbele ya wanafunzi wote. Mwalimu wa zamu alieleza kwamba kuna mtu aliyeaminiwa akaitumia imani hiyo kama kichaka cha kujifichia. Twiga alisema kwamba folda moja tu ndiyo yake. Aliulizwa nyingine ni za nani. Alitazama mstari wa darasa la saba, akamwona Kinyonga akikagua kidole gumba cha mguu kupitia tundu la kiatu.

“Mwenyewe anajua,” alisema.

Aliambiwa hilo si jibu, na kwamba Jumatatu aje na mzazi. Wakati wa mapumziko aliomba ruhusa ya kuingia chumba cha kompyuta. Alikaa mbele ya mashine ya nne na kufungua kila folda iliyokuwepo. Zilikuwa chache, na zote zilikuwa tupu. Mdogo wake alisimama mlangoni akimuuliza kama leo gari la kijani limeshapata honi yake. Twiga alimwambia arudi darasani.

Alasiri Kinyonga alikwenda kibandani kama kawaida. Alifagia mahali palipokuwa pameshafagiliwa. Baadaye kidogo alikuja yule mtoto wa kikokotoo, safari hii na simu ya baba yake.

“Kinyonga, niwekee ndege,” alisema. “Yule yule uliyewawekea kwenye kompyuta za shule. Wanasema mwalimu alikuwa anampita tu kama haoni.”

Mjomba alikata umeme wa chombo cha kuchomelea. Alimrudishia mtoto simu, akamwambia leo hakuna kazi, akasubiri aende zake. Kisha akavuta kigoda na kukaa karibu na mpwa wake. Hakupandisha sauti.

“Yule mtoto wa fulana nyekundu alikuwa wa nani?”

“Wa Twiga.”

“Ulijua?”

“Nilijua, mjomba.”

“Nilikuuliza.”

“Uliniuliza kama ni mchezo.”

Mjomba alisema kwamba katika kazi yake hufungua kila kitu kabla ya kukigusa, na jana alifungua, akaona, na akatilia shaka. Kilichomfanya afute ni kwamba aliyemjibu alikuwa mtoto wa dada yake. Kinyonga akamweleza yote kuanzia siku alipomchora yule ndege. Alipomaliza aliuliza kama kazi inaweza kurudishwa. Mjomba alimjibu kwamba folda iliyofutwa peke yake mara nyingine hurudi, lakini hizi alizifuta kisha akaandika mfumo mpya juu yake. Alisema hatampa tumaini asilokuwa nalo. Hata hivyo angejaribu.

Ijumaa saa moja asubuhi wote wawili walikuwa mlangoni kwa mwalimu wa kompyuta, aliyekuwa amerudi kutoka mafunzoni. Mwalimu wa zamu aliitwa, na Twiga akaitwa. Kinyonga alisema yote akiwa amesimama, na safari hii hakuacha sehemu. Mwalimu wa kompyuta alifunika uso kwa mikono. Alisema alipoona ndege sita alidhani kuna nakala sita, kwa hiyo hakuhifadhi nakala yake mwenyewe. Alifungua kompyuta yake ya mkononi na kutafuta. Alipata faili moja ya mwanzo wa muhula: barabara na mstari mweupe katikati, bila gari wala mtoto.

Mjomba alifanya kazi kwenye mashine ya nne hadi karibu saa tano. Alipata vipande vya picha visivyofunguka na sauti ya honi iliyokatika katikati. Alimwita Twiga, akamweleza kwa utaratibu kilichopatikana na kwa nini hakitoshi. Akamwomba radhi kwa kufuta kitu alichokuwa amekitilia shaka. Twiga alimjibu kwamba hana kinyongo naye.

Mwalimu wa zamu aliwakusanya wanafunzi na kumsafisha Twiga jina mbele yao, pale pale alipolichafua. Alisema alihukumu kwa picha bila kuuliza aliyestahili kuulizwa, na kwamba kosa hilo ni lake. Mzazi hakutakiwa tena kuja. Kinyonga alizuiwa kuingia chumba cha kompyuta hadi mwisho wa mwaka. Mjomba aliongeza adhabu yake mwenyewe: simu zote alizozibadilishia aikoni zirudishwe kibandani, na Kinyonga azirudishie aikoni za awali mbele ya wenye simu, akimweleza kila mzazi kilichokuwa ndani.

Kabla ya kumruhusu aende darasani, mwalimu wa kompyuta alimkalisha.

“Ungemwambia mjomba wako uongo, pengine angeushuku,” alisema. “Wewe ulimpa neno la kweli, ukalitumia kufunika ukweli wenyewe. Ni mchezo. Nani angebisha? Aikoni ni kama neno, mwanangu. Inamwahidi mtu kilichomo ndani. Kubadilisha sura ili kitu kipendeze si kosa. Lakini ukiivika ili mwenzako asijue anachokifungua, au anachokifuta, umemdanganya hata kama hukufungua mdomo. Na ona, aliyeumia si mimi niliyedanganywa. Ni yule uliyeazima jina lake.”

Kinyonga aliuliza afanye nini ili Twiga amsamehe. Mwalimu alimwambia kuna mambo mwalimu hana uwezo wa kuyapanga. Anachoweza kufanya yeye Kinyonga ni kusema kweli yote kila atakapoulizwa, hata kama hatasamehewa.

Kinyonga alimkuta Twiga kwenye ngazi za darasa, mdogo wake amekaa pembeni yake. Alimwambia kwamba amejifunza mengi kuhusu kuchora kutoka kwake, na kwamba wakianza upya wote wawili kazi itakwenda haraka. Twiga alimwacha amalize.

“Ulikuwepo mjomba wako alipokuwa anafuta?”

“Nilikuwepo.”

“Ulimwona mtoto amesimama pale?”

“Nilimwona.”

Twiga akamshika mdogo wake mkono na kumwinua. Darasani alihamishia vitabu vyake dawati la nyuma, na mwalimu alipomuuliza sababu, alisema pale mbele miguu yake haitoshi.

Saa sita mchana muda wa kupokea kazi za mashindano ulifungwa. Kutoka shule yao haikutumwa kazi yoyote.