Ngazi ya Nne

Kila siku nikitoka shule nilipitia kwanza ofisini kwa mama, chumba kimoja chenye kaunta ndefu, kando ya lango la mji wa kale. Kazi yangu ilikuwa kupangusa hedifoni. Nilizipangusa kwa kitambaa chenye dawa, moja baada ya nyingine, kisha nikazitundika ukutani pamoja na vifaa vyake, kila kimoja kwenye msumari wenye namba yake. Vilikuwa vifaa ishirini, vyeusi, vya kutosha kiganjani. Mgeni alichukua kimoja, akavaa hedifoni, akabonyeza namba moja, akaanza kutembea mwenyewe bila mtu wa kumwongoza. Sauti iliyokuwa humo ndiyo iliyomwambia kwamba hapa palikuwa na soko la ngozi, pale palikuwa na kisima, na sasa ageuke kulia.

Sauti hiyo ilikuwa yangu.

Sitawaficha, nilivimba kichwa. Kila nilipomwona mgeni kasimama mbele ya ukuta mkongwe, mdomo wazi, hedifoni masikioni, nilijua kwamba ni mimi ninayezungumza naye. Darasani nilijisifu mpaka wenzangu wakawa wakiniona tu wanabadilisha njia.

Aliyenirekodi ni mjomba, mdogo wake mama. Ni fundi wa sauti, mtu mpole, mwenye waya mfukoni kama wengine wanavyokuwa na leso. Aliniita Kasuku. Tulirekodi katika stoo nyuma ya ofisi, madirisha yamezibwa kwa mablanketi, feni imezimwa ili isivume, jasho linatutiririka. Maelezo ya historia yaliandikwa na watu wa makumbusho. Maneno ya njia, yaani geuka hapa, vuka pale, teremka ngazi kadhaa, aliyaandika mjomba mwenyewe, na hakuwahi kuyaandika akiwa amekaa. Kila kituo tulikitembea mara tatu. Kila tulipomaliza mzunguko mmoja, tuliweka alama ya vema kwenye fomu.

"Kwa nini mara tatu, mjomba?" nilimuuliza siku ya kwanza, miguu ikiniwaka moto.

"Mara ya kwanza unaona unachokijua," alisema. "Mara ya pili unaona ulichokiruka. Mara ya tatu ndiyo unahesabu."

Tulikwenda hivyo mpaka kituo cha nane. Ilipofika zamu ya cha tisa, mjomba aliitwa kutengeneza kipaza sauti kilichoharibika mahali fulani. Akanipa fomu na penseli. "Kasuku, nenda pale chini ya upinde, hesabu ngazi zinazoteremka kwenye ua. Mara tatu, eh? Usinikatie kona."

Kituo cha tisa kiko mwisho kabisa wa uchochoro mrefu. Jua lilikuwa la utosi. Nilipofika kwenye kisima niliwakuta wasichana wa mtaani wanaruka kamba, nami nilikuwa nimepita chini ya upinde ule mara nyingi tangu nikiwa mdogo. Ngazi zile nilizijua. Zilikuwa tatu. Niliketi kwenye ukingo wa kisima na fomu mapajani, nikaweka vema, vema, vema. Kisha nikaruka kamba. Sikusita hata kidogo wakati wa kuziweka, na hilo ndilo linaloniuma mpaka leo.

Jioni mjomba aliniuliza, "Umehesabu?"

"Nimehesabu."

"Mara tatu?"

"Mara tatu, mjomba."

Akatia saini yake chini ya fomu. Kwenye maandishi aliacha pengo la namba nilijaze mwenyewe, na siku iliyofuata nilisoma mbele ya kipaza sauti, kwa madaha yote: "Pita chini ya upinde. Teremka ngazi pamoja nami. Moja. Mbili. Tatu. Sasa tazama juu, uone dirisha lenye ndege wawili waliochongwa."

Siku za mwanzo hakuna aliyeumia. Nadhani watu waliyaamini macho yao kuliko masikio yao. Lakini Alhamisi moja, nikiwa napangusa hedifoni ya sita au ya saba, mlango ulisukumwa, wakaingia vijana wawili wamemshika mama mmoja mtu mzima huku na huku. Mguu mmoja alikuwa ameuinua. Kifundo kilikuwa kimevimba, na miwani yake ilikuwa imepasuka kioo kimoja.

Mama aliruka kutoka kaunta. "Pole, mama yangu! Kaa hapa, kaa. Imekuwaje?"

Yule mama aliketi, akavuta pumzi. Baadaye tulijua kwamba alikuwa mwalimu mstaafu. "Sijui nisemeje," alisema. "Nimehesabu na mtoto wa kwenye hedifoni. Moja, mbili, tatu. Akaniambia nitazame juu. Nami nikatazama juu. Mtoto akisema kwa uhakika vile, nani atabisha? Kumbe ngazi ilikuwa imebaki."

Kitambaa kilinidondoka. Hakuna aliyenitazama, maana nani angemshuku msichana anayepangusa hedifoni? Niliokota kitambaa nikaendelea kupangusa hedifoni ile ile, ambayo ilikuwa safi tayari.

Mwalimu alipelekwa zahanati. Halafu meneja akashuka kutoka ghorofani, mwanamke mwembamba asiyependa maneno mengi, akaiomba fomu ya kituo cha tisa. Aliitazama, akamtazama mjomba.

"Vema tatu, na saini yako," alisema. "Kuhesabu si sahihi au sauti si sahihi?"

Mjomba hakujitetea. Alisimama akisugua sikio lake la kushoto. Mwaka uliopita sikio hilo lilimuuma miezi miwili, na kwa fundi wa sauti maumivu ya sikio si jambo la mchezo.

"Kuhesabu kulifanyika vizuri, nina hakika," alisema. "Itakuwa mimi. Nilipokuwa nasafisha rekodi, labda nilikata kipande pasipo kusikia. Nipe mpaka jioni niisikilize yote upya."

"Mpaka jioni," alisema meneja. "Kama ni masikio, fundi, nitalazimika kutafuta mtu mwingine. Mguu wa mtu si jambo la kubahatisha."

Mjomba aliingia stoo, akafunga mlango. Nilisikia sauti yangu mwenyewe ikitoka mle ndani, moja, mbili, tatu, kisha ikarudishwa nyuma, moja, mbili, tatu, tena na tena. Alikuwa anaitafuta "nne" ambayo haikuwahi kuwepo. Mama alimpelekea maji. Alipotoka aliniambia kwa sauti ya chini, "Mjomba wako anasema huenda sikio limeanza kumsaliti. Mtu mzima mzima, machozi yanamlengalenga."

Nilitaka kusema. Nawaambia kweli, maneno yalifika mpaka kwenye meno. Lakini niliwaza meneja atasema nini, na wenzangu darasani watachekaje, nikameza mate na maneno yakashuka nayo. Badala yake nikasema, "Mama, vifaa vingapi viko nje?"

Mama aliutazama ukuta. "Vinne. Kwa nini?"

Nilikuwa nimeshatoka mbio.

Nilikimbia uchochoro mzima, ule ule ambao siku ile niliuona mrefu mno. Nilipita kisimani bila kugeuka. Chini ya upinde palikuwa na giza kidogo, jiwe limelainishwa na nyayo za watu wa miaka mingi. Niliteremka nikihesabu. Moja. Mbili. Tatu. Ya nne ilikuwa pale, fupi, imelika katikati, rangi yake sawasawa na sakafu ya ua. Mtu asiyeinama kuitazama hawezi kuiona. Mimi niliyejidai naijua tangu utoto nilikuwa naishuka mbiombio siku zote bila kuihesabu. Niliketi juu yake, nikalia.

Sikulia sana, kwa sababu nilisikia viatu. Bwana mmoja alikuwa anakuja na mwanawe mdogo begani, hedifoni masikioni, akitabasamu. Niliruka nikasimama mbele yake nikipunga mikono yote miwili.

"Ngazi ni nne!" nilipiga kelele. "Nne, si tatu! Usitazame juu!"

Alishusha hedifoni shingoni. Kutoka ndani yake nilijisikia nikisema kwa sauti tamu, "Tatu. Sasa tazama juu."

Bwana yule alinitazama, akakitazama kifaa. "Mbona hii inasema tatu?"

"Inadanganya," nilisema. Kisha nikasema lililobaki. "Mimi ndiye niliyedanganya. Hiyo ni sauti yangu. Sikuja kuhesabu."

Hakunikaripia. Alimteremsha mwanawe begani, akamshika mkono, wakashuka polepole ngazi zote nne. Ajabu ni kwamba nilipokwisha kumwambia mtu nisiyemjua, nilijua kwamba naweza kuwaambia ninaowajua. Sikuondoka kwanza, hata hivyo. Nilibaki pale mpaka vifaa vingine vitatu vilipopita, wenye navyo mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja nilimwambia nne.

Niliporudi, meneja alikuwa mlangoni mwa stoo na mjomba alikuwa anakunja waya zake mezani. Alikuwa anazikunja kama mtu anayehama.

"Sijaipata," alikuwa anasema. "Nimesikiliza mara kumi na nne. Basi tatizo ni mimi."

"Mjomba," nilisema. "Si sikio."

Wote watatu waligeuka, maana mama naye alikuwa amesogea. Nilisema yote: jua, kamba, ukingo wa kisima, vema tatu nilizoweka nikiwa nimekaa. Sikutafuta kisingizio, si kwa sababu ya ushujaa, ila nilikuwa nimechoka.

Mjomba alikaa. "Tangu saa nane nimekuwa nikijiona kiziwi," alisema. "Nawe ulikuwa hapo nje ya mlango."

"Nilikuwepo, mjomba."

"Ukinisikia."

"Nikikusikia."

Aligeukia waya zake, na ningependa zaidi kama angenipigia kelele. Mama ndiye aliyepiga kelele, za kutosha watu wawili. Meneja aliitazama fomu, akaikunja. "Fundi, kazi yako iko pale pale, ingawa saini nyingine usiiweke chini ya kitu usichokiona," alisema. "Vifaa vyote visitoke mpaka njia nzima itembewe upya. Nawe, binti, kesho utakwenda kwa mwalimu kumwambia mwenyewe."

Kesho yake mama alinisindikiza mpaka mlangoni kwa mwalimu, akabaki nje. Ndani mwalimu alikuwa ameketi, mguu juu ya stuli, kifundo kimefungwa bendeji. Miwani yake ilishikiliwa na utepe.

"Shikamoo, mwalimu," nilisema.

"Marahaba." Aliinamisha kichwa upande. "Hebu sema tena. Ala! Wewe ndiye mtoto wa kwenye hedifoni!"

Nilimwambia yote. Alisikiliza bila kunikatiza, jambo lililonifanya nizidi kujiona mdogo. Nilipoomba radhi, alikubali kwa kichwa tu. Kisha akaniuliza nani atarekodi upya.

"Watatafuta mtoto mwingine," nilisema. "Mimi sistahili."

"Hapana," alisema mwalimu. "Usinikimbie. Sauti iliyoniangusha, hiyo hiyo ndiyo naitaka initeremshe."

Tulitembea upya vituo vyote kumi na viwili, mimi na mjomba, mara tatu kila kimoja, juani. Siku mbili za mwanzo hakunisemesha ila namba tu. Siku ya tatu alinipa nusu ya chungwa lake, tukala tumeketi kwenye jiwe, na kwangu chungwa lile lilitosha. Kituo cha tisa nilikihesabu mara kumi na moja. Mjomba alinitazama tu, hakunizuia.

Wiki tatu baadaye mwalimu alikuja na fimbo mkononi. Meneja alikuwepo, mama alikuwepo. Mwalimu alivaa hedifoni, akapita chini ya upinde, na mimi nikasimama uani nikiwa nimekaza vidole mpaka vinauma. Fimbo iligonga jiwe. Midomo yake ilikuwa inahesabu pamoja na sauti yangu. Moja. Mbili. Tatu. Akasita kidogo tu, akashusha mguu. Nne. Ndipo akainua uso, akalitazama lile dirisha kwa muda mrefu, maana siku ile hakuwahi kuliona.

Alivua hedifoni, akaniita karibu.

"Nikikuambia nimekuamini," alisema, "maana yake nimeacha kutazama chini. Nimekuachia wewe utazame badala yangu. Kwa hiyo usimwambie mtu jambo ambalo wewe mwenyewe hukwenda kuliona, hata kama unadhani unalijua. Umeelewa?"

"Nimeelewa, mwalimu."

"Haya. Kutoka hapa mpaka kituo cha kumi, kuna ngazi ngapi?"

Niliijua namba. Ilikuwa kwenye ncha ya ulimi. Lakini nilimwomba anisubiri kidogo, nikatangulia kwenda kuhesabu.