Kufuli Si Dawa ya Pombe

Mume wangu ni seremala. Dada yake, wifi yangu, hutengeneza filamu za maisha halisi: afya, ulevi, dawa za kulevya, shida za watu. Mimi ndiye ninayefua nguo za mmoja na kumpisha mwingine na vifaa vyake sebuleni. Kwa hiyo nikisema nilikuwa nimewachoka wote wawili, nielewe.

Mume wangu alikuwa akinywa pombe kali kila siku, tangu asubuhi. Bila pombe, mikono ilimtetemeka hata msumari haushikiki. Nilimsihi, nikamnunia, nikamwaga chupa zake. Nilikuwa natwanga maji kwenye kinu.

Ndipo wifi akaja na kamera na ushauri. Alisema tumfungie chumbani, ajikaze mpaka pombe imtoke. Mume wangu mwenyewe alikubali. Nikatia kufuli mlangoni, wifi akawa anamrekodi dirishani.

Kesho yake mume wangu alitokwa na jasho, akatapika. Jioni akaanza kufukuza wadudu ukutani, na ukuta ulikuwa mtupu. Nikataka kufungua.

"Subiri kidogo, wifi," akasema dada yake. "Hapa ndipo watu wataelewa ulevi ni nini."

Hasira zilinipanda. "Huyo ni kaka yako, si filamu. Weka hiyo kamera chini, unisaidie kumshika."

Nilifungua, nikamwita jirani yetu, muuguzi. Alimtazama tu, akasema tumpeleke hospitali bila kuchelewa. Njiani alitueleza, nasi tumeinamisha vichwa.

"Mwili wake umezoea pombe kila siku," alisema. "Ukimkatia ghafla, anaweza kupata degedege, hata kufa. Mtu kama huyu huachishwa na wahudumu wa afya, kwa dawa, huku wakimwangalia."

"Sisi tulidhani hana nia," nikasema.

"Nia anayo. Si aliingia mwenyewe chumbani? Huu ni ugonjwa, dada, na unatibika."

Alilazwa. Aliporudi nyumbani aliendelea kwenda kliniki na kukaa na wenzake walioacha pombe. Mara moja alirudia kunywa. Nilitamani kupiga kelele, lakini muuguzi alisema hilo hutokea, arudi tu kliniki. Akarudi. Leo anashika msumari barabara. Tena anaanza kugonga alfajiri, hatulali, na nikilalamika anajifanya hasikii.

Wifi alipomaliza filamu, tuliitazama pamoja. Sehemu ya kufuli haikuwemo. Nilishukuru kimoyomoyo, maana aliyefunga ni mimi. Mume wangu akauliza imekwenda wapi. Wifi akajibu kwamba ameikata ili kumsitiri.

"Mnajisitiri nyinyi," akasema mume wangu. "Irudishe. Sasa hivi kuna mtu anatafuta kufuli amfungie ndugu yake."